Nyumba ya Sh100 milioni inayolipiwa Sh273 milioni

Shemeji yangu alifika nyumbani Jumapili moja jioni na bahasha ya kaki kwapani. Chai hakuigusa, jambo ambalo si kawaida yake. Alivuta kiti cha plastiki, akatoa barua ya benki, akainyoosha mezani kwa viganja viwili kama mtu anayenyoosha noti iliyokunjika.

"Shemeji, tumepata," alisema. "Milioni moja na hamsini na tatu kwa mwezi, na nyumba ni yetu."

Nyumba yenyewe naijua. Ni ya vyumba vitatu, iko Kibada, Kigamboni, ina uzio na tangi la maji, na mwenye nayo anataka Sh100 milioni. Yeye na dada yangu walikuwa wamejikusanyia Sh20 milioni kwa miaka saba, sehemu kubwa ikitoka kwenye upatu wa dada. Benki ilikuwa tayari kuwakopesha Sh80 milioni zilizobaki, walipe kwa miaka 20 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka.

Nikamuuliza, "Jumla mtalipa shilingi ngapi?"

Akaniangalia. "Jumla ya nini tena? Si nimeshakwambia, milioni moja na hamsini na tatu."

Dada yangu akatokeza mlangoni, mwiko mkononi. "Kaka anauliza mpaka mwisho," akamwambia mumewe.

Tukachukua daftari la hesabu la mpwa wangu na simu yenye kikokotoo. Rejesho kamili la kila mwezi ni Sh1,053,432. Miaka 20 ni miezi 240. Zidisha, unapata Sh252,823,680. Ongeza zile Sh20 milioni walizotanguliza: nyumba ya Sh100 milioni itakuwa imewatoka Sh272.8 milioni, na hapo hatujagusa bima, wanasheria wala rangi ya ukutani. Dada yangu alisoma ile namba mara mbili, akarudi jikoni bila kusema neno.

Shemeji si mjinga. Ni mhandisi, anapiga hesabu ngumu kuliko hizi kila siku kazini. Lakini aliuliza swali ambalo karibu sote tunauliza tukikaa mbele ya afisa mikopo: makato ni shilingi ngapi? Ndivyo tulivyozoea kukopa. Mkopo wa pikipiki tunaujua kwa hesabu ya wiki, mkopo wa ada za watoto tunaujua kwa kinachobaki kwenye mshahara. Mtumishi wa umma amefundishwa hata na kanuni kwamba theluthi moja ya mshahara lazima ibaki, kwa hiyo jicho lake liko kwenye hiyo theluthi. Kwa mkopo wa miezi sita, mtindo huo haumuumizi mtu sana. Kwa mkopo wa miezi 240, unaweza kumgharimu nyumba ya pili bila yeye kujua kwamba ameinunua.

Mstari wa kwanza wa jedwali

Anayetaka kuujua mkopo wa nyumba aombe jedwali la marejesho, ile orodha ndefu inayoonyesha kila mwezi riba ni kiasi gani, deni lililopunguzwa ni kiasi gani na salio limebaki kiasi gani. Mstari wa kwanza peke yake unatosha kumkalisha mtu chini.

Asilimia 15 kwa mwaka ni asilimia 1.25 kwa mwezi. Asilimia 1.25 ya Sh80 milioni ni Sh1,000,000 kamili. Kwa hiyo shemeji atakapolipa rejesho lake la kwanza la Sh1,053,432, milioni moja yote ni riba. Kinachokwenda kupunguza deni ni Sh53,432. Ametoa fedha za kununulia mabati ya banda zima, na nyumba aliyoimiliki kwa mwezi huo haizidi mifuko michache ya saruji.

Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, riba nayo inapungua kidogo, na sehemu inayokula deni inaongezeka kwa shilingi mia kadhaa. Ndivyo inavyokwenda, polepole kama kobe. Mwaka wa kwanza ukiisha atakuwa amelipa Sh12.6 milioni na deni limepungua kwa Sh687,000 hivi. Baada ya miaka mitano amelipa Sh63.2 milioni, bado anadaiwa Sh75.3 milioni. Baada ya miaka kumi, nusu ya safari, amelipa Sh126 milioni na ushee, na deni ni Sh65.3 milioni. Siku ambayo hatimaye atakuwa amelipa nusu ya zile Sh80 milioni itakuwa mwaka wa kumi na sita, mwezi wa tisa.

Nimeona watu wakilia wizi wakisikia habari hii. Hakuna wizi hapo. Riba inatozwa kwenye salio, na miaka ya mwanzo salio ni kubwa, basi. Lakini maana yake kwa maisha ya mtu ni nzito. Ukihamishwa kazi mwaka wa tano ukalazimika kuuza, usidhani robo ya nyumba ni yako kwa kuwa robo ya muda imekwisha. Kwenye mkopo wenyewe umenunua chini ya Sh5 milioni. Yaliyobaki ni zile Sh20 milioni ulizotanguliza na chochote ambacho bei ya kiwanja imepanda, nacho hakina mkataba.

Kwa nini asilimia 15?

Riba za mikopo ya nyumba Tanzania kwa miaka mingi zimetembea kati ya asilimia 13 na 19. Swali la haki ni kwa nini ziwe juu hivyo wakati mfumuko wa bei kwa muongo uliopita umekaa zaidi kati ya asilimia 3 na 5.

Jibu moja liko Hazina. Hadi mwaka 2022, Serikali ilikuwa inauza hatifungani ya miaka 20 yenye riba ya asilimia 15.49, na ile ya miaka 25 iliyoanza 2021 ilikuwa na asilimia 15.95. Viwango hivyo vilishushwa 2022 hadi asilimia 12 na pointi. Sasa jiweke kwenye kiti cha meneja wa benki. Serikali, ambayo haifukuzwi kazi, haiugui wala haigombani na mkewe, hadi 2022 ilikuwa inakupa asilimia 15 bila usumbufu. Huyu bwana wa Kigamboni mwenye mshahara umkopeshe kwa ngapi?

Jibu la pili ni aina ya fedha zilizomo benki. Mimi na wewe tunaweka akiba leo, tunazitoa Ijumaa. Benki haiwezi kuchukua fedha za Ijumaa ikazifungia miaka 20 kwenye nyumba ya mtu bila kuogopa. Ndiyo sababu mwaka 2010 iliundwa Kampuni ya Kugharamia Mikopo ya Nyumba, TMRC, inayomilikiwa kwa sehemu kubwa na mabenki, kazi yake ikiwa kuyapa mabenki fedha za muda mrefu. Tangu 2018 imekuwa ikiuza hatifungani zake kwenye Soko la Hisa la Dar es Salaam. Miaka miwili kabla ya TMRC, mwaka 2008, Bunge lilikuwa limepitisha sheria ya mikopo ya nyumba pamoja na ile ya umiliki wa sehemu za majengo, inayomwezesha mtu kuwa na hati ya sehemu moja ya ghorofa bila kumiliki jengo zima. Muda wa mikopo ukarefuka, milango ikafunguka. Hata hivyo, kwa nchi ambayo sensa ya 2022 ilihesabu watu milioni 61.7, wenye mikopo ya nyumba ya benki bado ni maelfu machache tu.

Wakenya walijaribu kuikata riba kwa sheria. Mwaka 2016 waliweka ukomo wa pointi nne juu ya kiwango cha Benki Kuu yao. Mabenki yakawakwepa wakopaji wadogo, na mwaka 2019 ukomo ukaondolewa. Njia waliyobaki nayo ni kampuni yao ya KMRC, inayoyakopesha mabenki kwa riba nafuu ili mteja anayestahili apate mkopo wa nyumba chini ya asilimia 10. Nilimpigia shemeji hesabu ya Sh80 milioni zilezile kwa asilimia 9.5, miaka 20. Rejesho lingekuwa Sh746,000 hivi na jumla Sh179 milioni. Akaguna. "Nyumba hiyohiyo?" Nyumba hiyohiyo.

Miaka ndiyo ghali

Riba ina uzito wake, lakini mkopaji wa kawaida hana nguvu kubwa juu yake. Akipiga kelele sana anaweza kushushiwa pointi moja au mbili, na asidharau: kutoka asilimia 15 hadi 13, mkopo huu ungepungua karibu Sh28 milioni kwa jumla. Kilicho mikononi mwake kweli ni muda. Na hapo ndipo watu wengi wanapojipiga wenyewe.

Afisa mikopo anasema, kwa nia njema kabisa, "Kama rejesho linakubana, tunaweza kukuongezea miaka." Inasikika kama msaada. Tuufanye mkopo wa shemeji uwe wa miaka 25. Rejesho linashuka kutoka Sh1,053,432 hadi Sh1,024,665. Amepata nafuu ya Sh28,767 kwa mwezi, fedha ya chipsi kuku mara tatu kwa familia. Jumla inapanda hadi Sh307.4 milioni. Nafuu ile ya chipsi imemgharimu Sh54.6 milioni.

Geuza upande wa pili. Apunguze iwe miaka 15. Rejesho linapanda hadi Sh1,119,670, yaani Sh66,238 zaidi kila mwezi. Jumla inashuka hadi Sh201.5 milioni. Kwa Sh66,000 za mwezi ameokoa zaidi ya Sh51 milioni, na miaka mitano ya maisha yake bila deni. Sijui biashara nyingine halali hapa mjini inayolipa hivyo.

Mwenye mshahara uliobanwa kiasi kwamba hata hizo Sh66,000 hazipatikani kila mwezi, bado ana mlango: alipe zaidi pale anapoweza, na aanze mapema. Akiongeza Sh50,000 tu kila mwezi kwenye mkopo wa miaka 20, atamaliza miezi 49 kabla ya wakati na kubaki na zaidi ya Sh42 milioni mfukoni. La ajabu zaidi ni hili. Kama siku ya kwanza angetanguliza Sh21 milioni badala ya Sh20 milioni, akaacha rejesho lilelile, hiyo milioni moja ya ziada ingefuta marejesho karibu 17 ya mwisho, kiasi cha Sh17.8 milioni. Milioni hiyohiyo akiileta mwishoni kabisa mwa mwaka wa ishirini haifuti hata rejesho moja zima. Ndiyo maana nasema bonasi, fedha za likizo na posho ya safari ziende kwenye mkopo miaka mitatu minne ya mwanzo, siku ambazo mtu bado ana hamu ya kununua makochi mapya.

Lakini soma mkataba kwanza. Baadhi ya mikataba inatoza ada kwa anayelipa kabla ya muda, na mingine usipoandika barua, ziada yako inahesabiwa kama rejesho la mwezi ujao lililowahi kufika. Deni halipungui kwa namna uliyokusudia. Andika barua, eleza wazi kwamba ni ya kupunguza deni la msingi, uombe jedwali jipya.

Yanayoingia kwa mlango wa nyuma

Barua ya shemeji ilikuwa na mistari mingine aliyoipita haraka: ada ya kuandaa mkopo asilimia 1, malipo ya mthamini, wakili, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto ya jengo. Kila mmoja peke yake hautishi. Hatari ni pale unapoambiwa, "Usijali, tutaziingiza kwenye mkopo." Kwa masharti ya mkopo huu, kila shilingi moja inayoingizwa kwenye deni inarudi ikiwa Sh3.16. Ada za Sh2 milioni ambazo ungezilipa kwa kuuza jokofu na kusubiri mwezi mmoja zinageuka Sh6.3 milioni. Zilipe taslimu, hata kwa kuumia.

Bima ya maisha yenyewe siipigi vita. Baba akifariki mwaka wa nne, bima inalipa deni na wajane na yatima hawatolewi nje. Uliza tu inalipwa mara moja au kila mwaka, na kama malipo yanapungua deni linapopungua.

Halafu kuna namna ya kukokotoa. Wakopeshaji wengine, hasa wadogo, watakutajia riba ya asilimia 10 ukaona umepata neema. Uliza: ni ya salio linalopungua, au ya mkopo wote tangu mwanzo hadi mwisho? Mkopo wa Sh10 milioni kwa miaka mitano, riba asilimia 10 ya mkopo wote, unalipa Sh250,000 kwa mwezi na jumla Sh15 milioni. Ukiipima kwa mtindo wa salio linalopungua, hiyo ni riba ya asilimia 17 na kidogo. Asilimia 10 ya dirisha hili inaweza kuwa ghali kuliko asilimia 15 ya dirisha la jirani. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinamtaka mkopeshaji amweleze mteja masharti na gharama. Mteja naye aulize.

Neno jingine la kutafuta ni kama riba inaweza kubadilika. Mikataba mingi inairuhusu benki kuipandisha soko likibadilika. Tuseme mwaka wa kwanza tu riba imetoka asilimia 15 kwenda 17. Riba ya mwezi kwenye Sh80 milioni inakuwa Sh1,133,333. Rejesho la zamani halifikii hata riba, na ukilipa hilohilo deni linakua kila mwezi wakati wewe unalipa bila kukosa. Benki itakupandishia rejesho au itakuongezea miaka, na miaka tumeshaona inavyouzwa.

Kwa upande huo, wanaofuata mfumo wa Kiislamu wana jambo la kutufundisha hata sisi wengine. Katika murabaha benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei yenye faida yake ndani, na bei hiyo inatajwa siku ya mkataba na kubaki palepale. Haina maana kwamba ni nafuu. Mara nyingine faida ile inakaribiana sana na riba ya jirani. Lakini namba kubwa iko mezani tangu mwanzo, unaitazama usoni kabla ya kutia saini.

Shilingi inayopungua uzito

Hapa nimtetee kidogo shemeji, maana kuna upande wa pili. Sh1,053,432 za mwaka wa ishirini hazitakuwa na uzito wa leo. Kama bei zitapanda kwa asilimia 4 kila mwaka, rejesho la mwisho litanunua vitu vya Sh480,000 za leo. Mshahara nao, Mungu akijaalia, utakuwa umepanda. Wazee wetu waliokopa Benki ya Nyumba, THB, iliyoanzishwa miaka ya mwanzo ya sabini, waliona jambo hili kwa macho yao: mfumuko wa miaka ya themanini ulikuwa karibu asilimia 30, deni likayeyuka kama barafu juani. Benki nayo ikayeyuka, ilifungwa 1995.

Siku zile riba ilikuwa chini ya mfumuko, aliyekopa alibebwa na aliyeweka akiba. Leo mambo yamegeuka. Nilizipunguza thamani zile Sh252.8 milioni zote, mwezi kwa mwezi, kwa mfumuko wa asilimia 4. Zilibaki takriban Sh175 milioni za leo, kwa mkopo wa Sh80 milioni. Anayekwambia mfumuko utakulipia mkopo anakumbuka nchi nyingine.

Mbadala wa Mtanzania unajulikana. Unanunua kiwanja, unaweka msingi, unanunua tofali kidogo kidogo, unapandisha boma, unasubiri. Unapaua mwaka wa nne. Unahamia na mapazia badala ya milango. Wasomi wa uchumi wanaudharau mtindo huu, lakini mabwana na mabibi wengi walio na paa juu ya vichwa vyao hapa Dar es Salaam walilipata hivyo, bila riba. Kama shemeji angepanga nyumba ya Sh400,000 na kuielekeza tofauti ya Sh653,000 kwenye ujenzi, miaka mitano ingempa Sh39 milioni, pamoja na zile Sh20 milioni. Hapo boma linasimama, na huenda watu wameshahamia.

Lakini mtindo huo nao una riba yake isiyoandikwa. Nondo zinaibwa. Fundi anakula fedha ya lenta anazima simu. Ndugu wanajua una fedha ya saruji, na msiba haukosi. Boma linalosimama miaka sita bila mtu ni mtaji uliolala kwenye mvua. Kodi ya kupanga inapanda, na mwenye nyumba anaitaka ya miezi sita kwa mkupuo, na dalali anasubiri wa kwake. Halafu watoto wanakua mara moja tu. Mtu anayejijua kwamba fedha haikai mkononi mwake anaweza kwa haki kabisa kuchagua kulipa Sh172.8 milioni za riba ili alazimishwe kuwa na nyumba. Iwe ni uamuzi, asijikute tu.

Mimi msimamo wangu ni huu: mkopo wa miaka 20 kwa asilimia 15 kwa nyumba yote ni ghali mno kwa familia nyingi za mishahara. Mkopo mdogo wa miaka mitano hadi saba wa kumalizia nyumba ambayo tayari imepauliwa ni mnyama mwingine kabisa, na mabenki kadhaa yanautoa. Huo ningeusaini.

Dada yangu alipotoka jikoni mara ya pili hakuwa na mwiko. Aliuliza swali ambalo sisi wawili hatukuuliza: "Na tukishindwa?"

Sheria ya Ardhi inampa mkopaji aliyechelewa notisi ya siku 60 kabla benki haijachukua hatua ya kuuza. Baada ya hapo ni mnada. Kwenye taarifa ya mthamini huwa kuna bei mbili, ya soko na ya kuuza kwa haraka, na hiyo ya pili, iliyo ndogo, ndiyo benki inayoitazama zaidi. Ikiuzwa mwaka wa sita kwa bei hiyo, deni linachukua karibu yote, na miaka sita ya marejesho inabaki kuwa kodi ya pango iliyolipwa kwa bei ya hoteli. Kwa sababu hiyo Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inakataza nyumba ya familia iwekwe rehani bila ridhaa ya mwenza. Saini ya dada yangu ilikuwa inahitajika kama ya mumewe, na tangu bahasha ifunguliwe hakuna aliyekuwa amemsomea karatasi.

Aliisoma yeye mwenyewe usiku ule, yote, kalamu mkononi. Jumatatu walirudi benki wote wawili. Waliomba Sh65 milioni badala ya Sh80 milioni kwa nyumba ndogo zaidi, kwa miaka 15, ada zote wakalipa taslimu. Chumba kimepungua kimoja.

Nawe msomaji, kama una barua ya namna hiyo kwenye kabati, usiisaini wiki hii. Rudi kwa afisa mikopo, mwombe akuchapie jedwali lote hadi mstari wa 240, ukae nalo nyumbani na mwenzako, na umuulize afisa huyo kitu kimoja tu kabla hujatoka: jumla, mpaka mwisho, ni shilingi ngapi?